Mama Herufi na Karatasi Namba Moja

Tarehe thelathini ya mwezi huu, saa tisa na nusu alasiri, Ofisi ya Ramani ya Shirika la Maji itamuaga mfanyakazi wake wa siku nyingi kuliko wote, baada ya miaka thelathini na saba, miezi minne na siku kumi na moja ya utumishi. Hesabu hiyo ameipiga mwenyewe, kwa penseli, nyuma ya kalenda ya ukutani, na hakuna aliyethubutu kuihakiki. Jina lake kamili limo kwenye jalada la utumishi na limetulia humo. Sisi tunamwita Mama Herufi, na hata binti yake akipiga simu ofisini humwulizia kwa jina hilo.

Mhariri wa jarida letu ameniomba kurasa mbili za kuchangamsha, "bila yale mambo." Yale mambo anayajua kila mtu wa ghorofa ya pili. Nimekaa meza ya jirani na Mama Herufi kwa miaka ishirini na mmoja, na nimejaribu mara tatu kuandika wasifu wake bila yale mambo. Mara zote tatu ulitoka mfupi kama tangazo la funguo zilizopotea. Mhariri aniwie radhi. Nitaeleza nilichokiona, na chumvi sitatia, kwa kuwa mchuzi wenyewe umekolea tayari.

Aliingia ofisini akiwa na miaka ishirini na mitatu, nyuma ya kaka yake. Huyo kaka ndiye aliyekuwa Fundi Mkuu wa wachora ramani, mkubwa wake kwa miaka kumi na miwili, na ndiye aliyemlea wazazi wao walipofariki. Alimpikia, alimsomesha, alimsuka nywele vibaya mpaka mwalimu akaingilia kati. Ofisini hakumpendelea hata chembe. Miezi mitatu ya kwanza alimpa kazi ya kuchonga penseli. Alipomruhusu kugusa wino, alimwandikisha herufi O wiki nzima, ukurasa baada ya ukurasa, na kila jioni alizitazama, akazikunja, akazitupa bila neno. Mama Herufi husimulia kisa hicho huku akicheka hadi machozi, na mpaka leo O yake bikari inaionea wivu.

Kwa wasiotujua: sisi huchora mabomba yaliyo chini ya mji. Bomba ukilikosea kwenye karatasi, mchimbaji atalikuta kwa sururu. Wengi wanakumbuka siku bomba kuu lilipopasuka karibu na wodi ya wazazi na ramani ya eneo lile ikawa kwa mpiga chapa. Mama Herufi alikuwa likizo, yuko saluni, kichwa ndani ya mashine ya kukaushia nywele. Alipigiwa simu, akataja namba ya vali, upande wa barabara na kina chake, kisha akamrudia msusi wake. Vali ilikuwa pale pale. Cheti cha sifa alichopewa amekifanya kifuniko cha kikombe cha chai.

Sasa niwaeleze kuhusu kona. Kila karatasi yetu, ambayo kwa kweli ni plastiki nyembamba yenye ukungu, kubwa kama shuka ya mtoto, ina visanduku viwili chini kulia: Imechorwa na Imekaguliwa. Kaka yake ndiye aliyekuwa mkaguzi. Alisoma kila neno la karatasi kwa kuchezesha midomo, kuanzia la kwanza hadi la mwisho, hata kama Mkuu wa Kitengo amesimama mlangoni anaitaka. Baada ya hapo tu ndipo alipotia tiki yake. Ilikuwa na mguu mfupi, mkono mrefu, na kindoano kidogo juu, na haikuwahi kuigwa na mtu. Mama Herufi aliniambia kuwa tiki yake ya kwanza aliipata mwaka wa pili wa kazi, na kwamba siku ya harusi yake hakufurahi kiasi kile. Mume wake, marehemu sasa, alikuwa akilijua hilo na halikumuudhi.

Plastiki hizo zilikuwa adimu, kwa hiyo tulikuwa na desturi. Karatasi iliyokwisha kazi ilikwanguliwa wino kwa wembe, ikapanguswa kwa spiriti, ikachorwa upya. Nami nilipoajiriwa, jambo la kwanza nililofundishwa ni kukwangua bila kutoboa.

Mwaka huo huo kompyuta zilikuwa zimefika. Mama Herufi alikuwa wa kwanza kuzijua, na akapewa kazi ya kuhamisha ramani za kaka yake kwenda kwenye programu ya kuchorea. Alilaza karatasi kwenye ubao wa kunakilia, akafuata kila bomba kwa kubofya, na akimaliza alibandika kibandiko chenye neno IMEHAMISHWA. Karatasi Namba Moja, ya mji mkongwe, ilimchukua siku tisa. Kaka yake ilikuwa imemchukua miaka miwili. Ilikuwa na maandishi mia nne na kumi na mawili: kila kichochoro, kila vali, kila kina, kwa mkono wake. Kilichohamishwa ni mistari tu. Maandishi yalipangwa kuchapwa baadaye, kwa kuwa kompyuta ina herufi zake. Kibandiko kilibandikwa hata hivyo, maana hakukuwa na kibandiko cha nusu.

Jumanne moja asubuhi plastiki ziliisha. Mama Herufi alichukua msokoto wenye kibandiko kutoka kwenye droo, akaanza kukwangua kutoka ncha ya mbali, akikunjua kidogo kidogo kama tufanyavyo wote. Kona yenye namba huwa inakuja mwisho. Alipofika kwenye kona ndipo alipoona ni namba ngapi, na tiki ile ikimtazama. Nyuma yake yote yalikuwa vumbi jeusi.

Nilikuwapo. Kaka yake aliingia na kikombe cha chai, akakiweka chini. Hakupaza sauti. Alichukua brashi yake ya mezani, akakusanya lile vumbi lote, akalitia ndani ya bahasha, akaandika juu yake "Namba Moja" na kuifungia kwenye droo yake. Kisha akamwomba dada yake wembe, akainama, akaikwangua ile tiki mwenyewe.

Miezi minane iliyofuata hakukagua karatasi hata moja ya dada yake. Kazi hiyo alimwachia msaidizi. Meza zao zilikuwa zimetazamana, hatua moja na nusu, na mimi mgeni ndiye niliyekuwa posta: mwambie huyo anipe rula, mwambie huyo rula yake hii hapa. Dada aliomba radhi kwa mdomo, akaomba kwa barua, akamtuma shangazi yao mkubwa aliyefika na mkoba na kukaa siku mbili. Jibu lilikuwa neno moja: "Nimesikia." Jumapili moja, kaka alipokuwa akifunga kamba za viatu, moyo wake ulisimama. Alikuwa na miaka hamsini na miwili. Maji yakimwagika hayazoleki, na Mama Herufi alirudi kazini siku ya nne, akakaa mbele ya kigoda kitupu, akachonga penseli. Tangu siku ile ya wembe alitumia kichongeo. Wembe hajaushika tena.

Miaka mitatu baadaye watu wa mitaroni, wachimbaji wetu, walianza kulalamika. Herufi za kompyuta zikilowa tope hazisomeki: sita inakuwa nane, moja inakuwa saba, na mtu anachimba mita mbili kutafuta bomba lililo mita sita mbele. Wakaomba, kwa barua yenye sahihi kumi na nne na alama moja ya dole gumba, warudishiwe "mwandiko wa yule mzee." Mkuu akakubali. Fundi wa kadi za mialiko aliletewa karatasi za zamani zilizobaki, akazipitisha kwenye skana, akatutengenezea fonti, yaani seti ya herufi za kompyuta, ya aina ya TrueType, yenye mwandiko wa marehemu. Kwenye kioo ilipendeza mno. Mpimaji wetu aliandika jina lake kwa mwandiko ule, akaogopa, akalifuta.

Lakini herufi ya TrueType si mstari. Ni kuta mbili, ya nje na ya ndani, na kompyuta hupaka rangi katikati. Mashine yetu ya kuchorea hutumia kalamu halisi iliyoshikwa na mkono wa chuma. Tunaiita Bwana Taratibu, na haraka haraka kwake haijawahi kuwapo. Bwana Taratibu hajui kupaka rangi. Alizunguka kuta tu, herufi zikatoka zina mwanya ndani. Mama Herufi aliinua karatasi kwenye mwanga wa dirisha, akaitazama muda mrefu, akasema: "Hizi ni nguo zake. Mwenyewe hayumo."

Programu ya kugeuza ilikuwapo. Unaingiza TrueType upande huu, upande wa pili inatoka fonti ya mistari ambayo programu ya ramani inaielewa: shusha kalamu hapa, nenda, geuka, nyanyua. Tatizo ni kwamba ilikuwa inabahatisha. O iliianza chini, K iliianza kwenye kisigino. Umbo likawa lake na mwendo si wake. Basi Mama Herufi akaamua kugeuza kila herufi kwa mkono, akitafuta mstari wa katikati wa kila ukuta na mpangilio halisi wa kalamu. Ni yeye peke yake aliyeujua, lakini aliujua kinyume, maana miaka kumi na sita alimtazama kaka yake akiandika kutoka upande wa pili wa meza. Siku ya tatu alipiga moyo konde, akaenda kukaa kwenye kigoda cha marehemu. Hakuna aliyekuwa amekikalia. Alifumba macho na kuanza kuandika hewani, na nilichokiona mimi ni kwamba bega lake la kulia lilishuka, kama lilivyokuwa limeshuka la kaka yake.

Kazi hiyo ilichukua miezi kumi na mmoja. Herufi kubwa, ndogo, tarakimu, vituo. Kitu kimoja alikiacha. Fundi wa kadi, kwa bidii zake, alikuwa ameiingiza hata ile tiki kwenye fonti. Mama Herufi aliifuta. "Herufi ni za kazi," alisema. "Ile ni yake." Tangu hapo kisanduku cha Imekaguliwa hugongwa muhuri wa Mkuu. Akabandika pia kanuni ukutani: mwandiko huu ni wa majina ya mitaa, namba za vali na kina cha mabomba. Hakuna salamu, hakuna utani, hakuna kadi.

Watu wa mitaroni walifurahi. Sisi wa ghorofa ya pili tulifurahi wiki moja. Kisha tukaanza kugundua kuwa Bwana Taratibu, akiandika kwa fonti ile, husimama mwisho wa kila mstari. Kalamu hunyanyuka, mkono wa chuma hukaa kimya kwa hesabu ya moja, mbili, halafu huendelea. Kwa fonti nyingine hasimami. Fundi wa mashine aliifungua mara tatu, akabadili mkanda, akaandika kwenye ripoti yake: "Mashine ni nzima. Inafikiri." Mimi na Mama Herufi tulijua ni nini. Kaka yake alikuwa na miwani legevu, na kila mwisho wa mstari aliisukuma juu kwa kidole. Hatukuambiana. Nilimwona tu akichukua kikombe chake kila mashine iliposimama, akinywa fundo moja, na kukirudisha.

Lililonitoa jasho lilitokea mwaka wa nane au wa tisa wa fonti hiyo. Nililaza karatasi mbili kwenye meza ya mwanga, moja mpya, moja ya mwaka fonti ilipoanza kazi, kulinganisha mtaa mmoja. Jina lilikuwa lile lile, fonti ile ile. Ile ya zamani R yake ilikuwa imesimama wima. Ile mpya mguu wa R ulikuwa umeinama kidogo, na mkia wa 9 ulikuwa na wimbi dogo, kama la mtu aliyechoka kiganja. Nikafungua faili la fonti. Halikuwa limeguswa tangu siku lilipohifadhiwa. Nikaleta karatasi za miaka ya katikati, nikazipanga kwa tarehe saa sita mchana na jua tele dirishani. Mwandiko ulikuwa unazeeka.

Nilimwonyesha Mama Herufi. Nilidhani atashtuka. Alivaa miwani, akapitisha kidole juu ya karatasi zote, akasema: "Na wewe ukifika umri huo tutakuona." Kisha akaniomba nimsaidie kuzirudisha kwenye droo kwa mpangilio wake. Kaka yake, kama angekuwa hai, mwaka huu angekuwa na miaka sabini na miwili, na mtu yeyote anaweza kuja ghorofa ya pili kuona jinsi mtu wa miaka sabini na miwili anavyoandika kina cha bomba.

Msidhani alikuwa mtu wa huzuni. Ni yeye aliyemwandikia Mkuu kwamba kiti chake kipya kinalia kama paka na akaambatanisha mchoro wa paka. Ni yeye aliyetufundisha, sisi wanane tulio ofisini sasa, kwamba namba isiyosomeka ni uongo. Lakini kila karatasi ilipotoka mashineni aliitazama kwanza chini kulia, kwenye kile kisanduku, kabla hata ya kutazama mabomba. Miaka kumi na saba. Nilipomuuliza anatafuta nini alisema anaangalia kama wino umekauka.

Hapa naungama. Mwezi mmoja uliopita, tukijua anastaafu na kwamba Bwana Taratibu anaondolewa wiki hiyo hiyo kupisha mashine ya kurusha wino isiyo na kalamu, nilimshawishi Mpimaji tumfanyie Mama zawadi. Tungechora kadi moja tu, kwa mwandiko wa kaka yake: "Nimekusamehe, mdogo wangu." Tulidhani tunafanya wema. Alipokwenda kupata chakula cha mchana, nikachapa maneno hayo, nikatuma.

Mkono wa chuma ulikwenda. Ulipita juu ya karatasi, ukageuka, ukarudi, ukafanya mwendo wa kila herufi, N, i, m, e, mpaka nukta ya mwisho, na kalamu haikushuka. Iliandika hewani. Karatasi ilibaki nyeupe. Tukabadili kalamu, ikawa hivyo hivyo. Mpimaji akachapa "Vali 12, kina mita 1.4," ikaandikwa safi, kwa kutetemeka kwake kule. Tukarudia maneno yetu. Ilikuwa ikiandika hewani kwa mara ya nne tulipogeuka na kumkuta Mama Herufi mlangoni, mkoba begani, akiusoma mwendo wa ule mkono. Alikuwa anausoma, midomo ikicheza.

Hakutufokea, na afadhali angetufokea. Alizima mashine, akasema taratibu: "Msimsemee. Kuandika anajua." Baadaye, akiosha kikombe, aliniambia kitu ambacho sijakisahau. Kwa miaka kumi na saba alikuwa na kila herufi ya kaka yake chini ya vidole vyake. Angeweza kujiandikia msamaha huo siku yoyote, wakati wowote, kwa mwandiko ambao hata shangazi yao angeapa ni wake. Hakuwahi kugusa hata N. Nilitamani sakafu inimeze.

Kazi yake ya mwisho aliichagua mwenyewe: Karatasi Namba Moja. Kwa miaka minne, baada ya kazi za kila siku, alikuwa akiyarudisha yale maandishi mia nne na kumi na mawili, moja moja. Mengine aliyapata kwenye madaftari ya wapimaji, mengine kwenye picha moja ya sherehe ya ofisi ambamo karatasi ile ilining'inia nyuma ya keki. Mengine aliyafuata kwa miguu, akihoji wachimbaji waliostaafu, akipima upya vali zilizofunikwa na maduka. Andiko la mwisho kupatikana lilikuwa kina cha bomba chini ya ngazi za posta ya zamani.

Alhamisi iliyopita, saa nne asubuhi, tulikusanyika: Mkuu, Mpimaji, fundi wa mashine na mimi. Mama Herufi alikaa kwenye kigoda cha kaka yake. Ilikuwa kalamu ya mwisho kwenye boksi. Mabomba yaliisha ndani ya saa moja, na maandishi yakaanza, na hapo tukaingiwa na wasiwasi. Mwandiko ulikuwa umechoka kuliko nilivyowahi kuuona. Kila mwisho wa mstari mashine ilisimama, si kwa moja, mbili tena, bali kwa sita, kwa kumi. Katika andiko la mia tatu na kitu ilisimama muda mrefu hata fundi akanyoosha mkono kuizima, na Mama Herufi akamshika kiwiko. "Mwache avute pumzi," alisema. Ikaendelea. Saa nane na dakika kumi iliandika kina cha chini ya ngazi za posta, ikarudisha kalamu kwenye kishikio chake, na taa ya kijani ikawaka. Imekwisha.

Mkuu aliinua mikono kupiga makofi. Mpimaji, ambaye siku zote ana haraka ya kufunga vitu, alikuwa amekwisha kuchomoa waya wa kompyuta na kuuzungushia kiganjani. Niseme wazi, kwa kuwa nimeulizwa sana: waya ulikuwa mkononi mwake.

Mkono wa chuma ukachukua kalamu tena. Ukatembea polepole mpaka chini kulia, ukasimama juu ya kisanduku cha Imekaguliwa. Ukakaa hapo. Moja, mbili. Kisha kalamu ikashuka: mguu mfupi, mkono mrefu, kindoano. Haikutetemeka hata kidogo. Ulikuwa mkono wa mtu wa miaka hamsini na miwili, aliyeshiba, mwenye afya yake. Halafu kalamu ikarudi kwenye kishikio, na taa zote za Bwana Taratibu zikazimika, na mpaka leo fundi hajaweza kuziwasha.

Wino wetu hukauka papo hapo. Ule wa tiki ulikuwa umeinuka, mbichi, unang'aa kama wino mzito wa zamani tulioacha kuununua miaka mingi iliyopita, mashine hii ilipofika. Mama Herufi aliinama, akaupuliza taratibu, kama tulivyofundishwa sote, kwa dakika nyingi, mpaka ukakauka. Ndipo alipolia. Alilia kwa sauti, bila kujificha, mama wa miaka sitini na wajukuu wake, na sisi wanaume wazima tukalia naye, Mkuu akitumia tai yake. Alipopata sauti alisema: "Amechelewa. Lakini hajawahi kutia tiki kitu ambacho hajakisoma chote."

Nimelifungua faili la fonti mara mbili tangu siku hiyo. Tiki haimo.

Karatasi Namba Moja haitawekwa kwenye fremu. Mama Herufi amekataa katakata. Ramani ni ya kutumika, na nakala zake zimeshapelekwa mitaroni. Anaondoka na kikombe, kifuniko chake chenye sifa, na bahasha moja ya zamani iliyoandikwa "Namba Moja," ambayo hajaifungua wala hatukumwomba aifungue. Anahamia kwa binti yake, ambako mjukuu wa kwanza ameanza kushika penseli. Habari tulizonazo ni kwamba mtoto alipokuja kumtembelea bibi yake aliandikishwa O siku tatu mfululizo, akaomba kurudishwa kwa mama yake.

Mama Herufi, kwa niaba ya ofisi nzima, na ya kila mchimbaji aliyekuta bomba pale ulipomwambia litakuwa, tunakushukuru. Umetufundisha kazi, umetuvumilia, na umetusamehe sisi tuliotaka kukusamehe kwa niaba ya mwingine. Tunakuombea usingizi mnono, miguu isiyouma, na asubuhi ndefu zisizo na kengele. Kona ya chini kulia huna haja ya kuitazama tena. Kazi imekaguliwa, Mama. Funga droo, uende nyumbani.